Mama Mkwe katika Maboksi Matano

Jumatatu, 6 Juni 1994

Nimerudi kutoka semina ya Moshi mjini. Baridi ya huku juu inakata masikio, lakini mimi siisikii. Nina koti! La sufu, la kijivu, vifungo vyote vipo. Mwenyewe wa kwanza alikuwa mtu mrefu sana, mikono inanifunika vidole. Flavia, mke wangu, amenitazama akasema nafanana na mtu aliyeazima koti la kwendea msibani. Wivu.

Semina ilikuwa ya makarani wa kumbukumbu za wagonjwa. Kituo chetu cha afya kilitakiwa kitoe karani mmoja. Karani ni mimi peke yangu, kwa hiyo nilichaguliwa bila ubishi. Mkufunzi alikuwa daktari mwanamke, Daktari Gladys, mwembamba, sauti kama kengele ya parokia. Sentensi yake ya kwanza tu, nikaganda kwenye kiti. Alisema kumbukumbu za mgonjwa zisipangwe kwa kufuata tarehe alizokuja, zipangwe kwa kufuata matatizo. Matatizo! Miaka yote hii nimepanga mafaili kwa majina ya watu, kama mshamba! Hakuna aliyenishtua!

Akaendelea kueleza. Sikusubiri. Mimi jambo nikishalielewa sina haja ya kulisikia tena. Isitoshe leo walikuwa wanafungua marobota mapya ya mitumba pale Kiboriloni. Nikatoka wakati wa chai. Cheti cha kuhudhuria tulikuwa tumeshagawiwa asubuhi.

Sasa jambo zito. Wilaya inaleta nafasi ya Katibu wa Kituo. Ofisi yenye mlango! Kiti kinachozunguka! Tunaoitaka ni wawili, mimi na Fabian wa stoo ya dawa. Fabian, mtu anayefuta vumbi kwenye makopo mpaka chini ya vitako vyake na kujiona profesa. Nitamwonyesha.

Jumanne, 7 Juni

Bwana Elisaria, Mganga Mfawidhi wetu, alikuwa anafunga begi. Ameitwa semina Dodoma. Nikamwekea cheti changu mbele ya macho na kumweleza mfumo mpya. Alisikiliza huku anatafuta soksi. Akauliza kama ndivyo walivyofundisha. Nikajibu ndivyo hasa, neno kwa neno. Basi akawaita watumishi wote uani akawaambia kwamba katika mambo ya kumbukumbu wamfuate Valerian mpaka atakaporudi. Wamfuate Valerian! Yaani mimi! Fabian alimeza mate. Nilimwona.

Mchana nimeokota maboksi matano ya sabuni dukani. Nimeandika kwa kalamu nene:

KICHWA HADI KIFUA. TUMBO NA MKOJO. NGOZI. MIGUU NA MIKONO. MENGINEYO.

Kisha nikashika mafaili. Kila faili nimelifumua. Karatasi ya jino kule, karatasi ya goti huku. 

Vyumba navyo nimevigawa. Tabibu wa chumba cha kwanza atasikiliza kichwa hadi kifua. Wa pili tumbo na mkojo, basi. Wa tatu ngozi. Miguu na mikono ni ya Sista Eliona, chumba cha kufungia vidonda. Mengineyo nitayashughulikia mwenyewe hapa hapa mapokezi.

Sista Eliona akauliza: mgonjwa mwenye kichwa na tumbo kwa pamoja aende wapi? Nilishangaa muuguzi wa miaka mingi kuuliza swali kama hilo. Nikamwambia achague.

Alhamisi, 9 Juni

Siku ya kwanza ya mfumo. Sijapata kuona!

Mzee Primus amekuja na goti na kikohozi. Nikampa kadi mbili na kumpanga foleni mbili. Zote zikaitwa saa ile ile. Alisimama katikati ya ukumbi akageuka huku na huku kama mtu anayetafuta ng'ombe, mwisho akaenda nyumbani. Nimeandika wagonjwa wawili, wote wametoroka matibabu.

Mwingine nikamuuliza tatizo lake. Akasema jirani yake amesogeza mpaka wa kihamba, shamba la ukoo, na kula migomba yake mitatu. Nilipigwa na butwaa. Lakini Daktari Gladys alisema matatizo, hakusema matatizo gani. Mengineyo. Mama mmoja akasikia, akasema kama ni hivyo mwanawe wa kwanza hataki kuoa. Mengineyo! Mpaka adhuhuri boksi la Mengineyo lilikuwa halifungiki. Kumbe watu walikuwa na shida namna hii na sisi tunawapa kwinini tu.

Mama mkwe naye alikuja, Mama Justina, mama yake Flavia. Alitembea taratibu kutoka kwake huku anajishikilia kwenye fito za uzio. Nikamwamkia shikamoo mama, akaitika marahaba baba. Mwanamke mtulivu, hana makuu, mjane, anaishi na mbuzi wake na migomba yake. Alianza kuniambia macho yana ukungu. Nikampa kadi ya Kichwa. Akasema na mkojo haumpi nafasi ya kulala. Nikampa kadi ya Tumbo na Mkojo. Akasema anawashwa mwili. Ngozi. Akasema ana kidonda kidole cha mguu, hakitaki kupona. Miguu na Mikono. Kisha akasema ana kiu, ana kiu sana, na mwili umekwisha nguvu. Nilifikiri kidogo. Mengineyo.

Kadi tano! Mtu mmoja! Nilimtazama kama mtu aliyeokota dhahabu. Kila alipotoka chumba kimoja alirudi mapokezi kuchukua foleni nyingine, na hakunung'unika hata mara moja. Tabibu wa mkojo alimpa dawa ya minyoo. Wa ngozi, dawa ile nyeupe ya kupaka. Wa kichwa akamwambia asubiri miwani ya msaada. Sista Eliona alisafisha kidonda akaanza kumuuliza mambo mengine, anakunywa maji kiasi gani, ndugu zake waliugua nini. Nikagonga mlango nikamkumbusha kwamba hicho ni chumba cha miguu.

Mengineyo nilimshauri mwenyewe. Nikaandika: ale vizuri.

Jumatatu, 13 Juni

Nimejumlisha wagonjwa wa wiki. Nikajumlisha tena. Nikatoka nje kuvuta hewa, nikarudi nikajumlisha mara ya tatu. Wamezidi mara tatu kuliko kawaida! Watu ni wale wale, lakini wagonjwa ni mara tatu! Hakuna kituo Kilimanjaro nzima chenye maendeleo ya kasi hii. Taarifa nimeiandika kwa wino wa buluu na leo hii imeshuka wilayani na gari la maziwa.

Fabian amekuja mezani kwangu, amevimba. Anadai stoo inakauka. Anadai mtu mmoja anachukua Panadol chumba cha kwanza, anachukua tena cha pili, na cha tatu anamalizia. Anadai amemwona mama mkwe wangu anaondoka na dawa zimejaa pindo la kanga, vidonge vya kila rangi, na hajui kipi ni cha nini. Nikamwambia pole, najua inauma kuona mwenzako anasonga mbele. Akabaki ananitazama. Nimemmaliza.

Jumatano, 15 Juni

Vita nyumbani. Flavia alikwenda kwa mama yake na mtori wa moto. Amerudi analia. Anasema mama amekonda, gauni la kanisani linamzunguka mwilini, mifupa ya shingo inahesabika. Nikasema mbona amependeza, ni kama msichana. Nilitaka kumfariji! Bakuli la mtori lilipita karibu na sikio langu. Bakuli! La kwake mwenyewe, la harusi!

Aliniuliza kwa nini mama yake anakwenda kituoni kila mara na haponi. Nikamweleza kwamba si yeye anayekwenda kila mara. Ni tatizo moja moja linakwenda, kwa zamu. Kila moja linahudumiwa na mtu wake. Flavia akaliokota bakuli lake. Kisha akasema, “Baba Mary, mama yangu siyo mzigo wa kugawanya kwenye punda.” Akaingia ndani akafunga mlango.

Mimi si mtu wa kinyongo. Jioni nimenunua kreti nzima ya soda za chungwa nikampelekea mama mkwe, maana alilalamika kiu. Alikunywa chupa mbele yangu kwa pumzi moja. Ya pili. Ya tatu! Sijapata kuona mzee anakunywa hivyo. Alinishukuru mpaka nikaona haya. Nilimwachia na kikapu cha ndizi mbivu. Wanasema mimi sijali wakwe!

Ijumaa, 17 Juni

Barua kutoka wilayani! Nimeisoma nimesimama, nikaisoma nimekaa. Wameshangazwa na idadi ya wagonjwa wetu. Wameshangazwa, ndivyo walivyoandika! Wanatuma ujumbe Jumanne kuja kuona mfumo kwa macho yao. Kiongozi wa ujumbe ni Daktari Gladys mwenyewe. Nimeinusa ile ofisi. Nimesikia kiti kinazunguka.

Nimemwonyesha Fabian barua. Ameisoma, amenirudishia kwa vidole viwili, amesema anatumaini nitakuwa na afya njema siku hiyo. Roho mbaya ile!

Jumapili, 19 Juni

Baada ya Misa nilisimama kwenye lango la kanisa nikakusanya wagonjwa kwa ajili ya Jumanne. Wengi walisema hawaumwi. Nikawaambia wafikirie vizuri, kila mtu ana tatizo. Mzee Primus akasema tatizo lake ni mimi.

Mama mkwe hakuwepo kanisani. Hilo lilinishtua kidogo, hajawahi kukosa. Nikapita kwake. Amelala mchana, mbuzi wanalia hawajakatiwa majani. Chupa za soda zote tupu, zimepangwa ukutani. Midomo imekauka kama gome. Nikamwomba Jumanne afike. Akasema, “Baba, mguu umekuwa mzito, na macho sasa naona watu kama moshi. Niache nipumzike.”

Nikamweleza kwamba bila yeye nitapungukiwa wagonjwa watano. Alinitazama, au alitazama pale inapotokea sauti yangu. Akasema basi atakuja, kwa sababu ni mimi niliyemwomba.

Nilipotoka nilitaka kujisikia vizuri. Sikujisikia. Itakuwa ni ile ndizi choma niliyokula njiani.

Jumanne, 21 Juni

Sijui nianzie wapi. 

Asubuhi ilianza vizuri. Koti. Viatu vimeng'aa. Gari la wilaya lilifika na ukungu, Daktari Gladys akashuka na mabwana wawili wenye mafaili. Nikawapeleka kwenye maboksi. Niliyaonyesha moja baada ya jingine kama mtu anayeonyesha ng'ombe wake wa maziwa. Daktari Gladys akasogea. Aliinama. Akaingiza mkono kwenye Kichwa hadi Kifua akatoa kadi. Akaitazama mbele, akaitazama nyuma.

“Karatasi nyingine za huyu mgonjwa ziko wapi?” akauliza.

Nikamwambia hapo ndipo uzuri wenyewe ulipo, hazipo pamoja.

Nilidhani atacheka kwa furaha. Akawa anachagua kadi, moja kila boksi, zile za juu juu. Za juu juu! Na ni nani aliyekuwa wa kwanza kufika leo, kabla ya jua, ili asiniangushe? Kadi zake zote nilikuwa nimeziweka juu kabisa!

Akasema anataka kuwaona hao wagonjwa watano. Akampa Sista Eliona kadi aite majina dirishani.

“Justina M.!”

Mama mkwe akainuka kwenye benchi, akasogea kwa kupapasa ukuta. Daktari akamkalisha.

“Mama Flavia!”

Hakuna aliyeinuka. Mama mkwe akasema ni yeye.

“Bibi Justina Mtui!”

“Ni mimi.”

“J. Mtui, mguu!”

“Ni mimi pia, mwanangu. Wananiita, nami naitika.”

Nilijaribu kueleza kwamba wengine wamekwenda kuchuma kahawa. Hakuna aliyenisikiliza. Sista Eliona akashika kadi ya tano, akaisoma kimya kwanza, kisha akaisoma kwa sauti, na kila neno liliniingia kama mwiba, maana mwandiko ni wangu: “Mama mkwe wa karani. Kiu, uchovu, kukonda. Ale vizuri.”

Daktari Gladys akazipanga kadi zote tano kwenye benchi, ubavu kwa ubavu. Akasoma mfululizo, bila kupumzika. Macho yana ukungu. Mkojo mwingi. Mwili kuwasha. Kidonda hakiponi. Kiu, uchovu, kukonda. Zikiwa mbali mbali yalikuwa maneno tu. Zikiwa pamoja, hata mimi niliyeziandika nilisikia baridi ndani ya koti.

“Amepimwa mkojo?” akauliza. Akamtazama tabibu wa kwanza, wa pili, wa tatu. Kila mmoja alisema hilo halikuwa la chumba chake.

Mkojo ukapimwa pale pale. Sista Eliona aliuchanganya na dawa ya buluu ya kupimia akaupasha moto, Fabian ndiye aliyekimbia kuitoa stoo, ilikuwepo siku zote, haijafunguliwa. Buluu ikawa kijani. Kijani ikawa manjano. Kisha ikatulia, nyekundu kama tofali.

“Sukari,” alisema Daktari Gladys. “Imejaa. Mama, umekuwa ukinywa nini siku hizi?”

Mama mkwe akasema kwa heshima kabisa kwamba mkwe wake mwema alimletea soda.

Watu wote waligeuka kunitazama. Wote! Mzee Primus mpaka alivua kofia.

Na hapo mama mkwe akateleza kwenye benchi. Alishuka tu kama kanga inayodondoka kwenye kamba. Mimi ndiye niliyekuwa karibu. Nikambeba. Nimembeba mama mkwe wangu mikononi, mbele ya watu, jambo ambalo kwetu halifanyiki! Na alikuwa hana uzito. Nimewahi kubeba tita la majani ya ng'ombe zito kuliko yeye. Pumzi yake ilinuka kama ndizi zilizoiva kupita kiasi. Nilimpeleka mpaka kwenye gari la wilaya, nikamfunika kwa koti langu, na gari likashuka kwa kasi kuelekea hospitali kubwa ya Moshi.

Flavia alikuwa sokoni Himo anauza ndizi. Gari lilisimama likamchukua. Wananiambia alimwona mama yake, akaona koti. 

Alhamisi, 23 Juni

Nimekwenda hospitali. Yu hai! Nimeandika neno hili kwa herufi za kawaida lakini moyoni ni kubwa.

Anachomwa sindano kila siku. Amefumbua macho, anajua watu, maji anakunywa kwa kiasi. Lakini kidole cha mguu kimekwenda. Wamekikata jana. Nimekaa kwenye benchi la nje nikaangalia vidole vyangu ndani ya kiatu muda mrefu.

Flavia alikuja akasimama mbele yangu. Akaniuliza, “Baba Mary, ulijua?”

Nikamjibu nilijua vipande.

Hakutupa kitu safari hii. Ningependa angetupa.

Daktari Gladys alipita kwenye raundi akanikuta. Akanikalisha kwenye korido akaniambia kile alichoeleza siku ile ya semina baada ya chai. Mgonjwa mmoja, faili moja. Ukurasa wa mbele wa faili hilo uorodheshe matatizo yake yote, la kwanza, la pili, mpaka mwisho, ili yeyote atakayelifungua amwone mtu mzima kwa mara moja. Kisha uulize: haya yote yanatoka wapi? Mara nyingi yanatoka mahali pamoja. Kila tatizo liwe na mpango wake, lakini mwenye matatizo asitoke machoni.

Nilikuwa nimepigwa na mshangao. Kumbe ndivyo! Ni rahisi namna hiyo! Nikamuuliza kwa nini hakusema mapema. Alifumba macho kidogo, akaondoka.

Jumamosi, 25 Juni

Bwana Elisaria amerudi. Aliingia mapokezi na begi lake bado mkononi, akaona maboksi, akakaa sakafuni. Mganga Mfawidhi, sakafuni! Alikaa hapo mpaka Sista Eliona akamletea maji.

Hukumu: Fabian ndiye Katibu wa Kituo. Barua imeshasainiwa. Mimi sijafukuzwa, kwa sababu hakuna mtu mwingine anayeujua mwandiko wangu. Kazi yangu ni kurudisha kila karatasi kwa mwenyewe, na kushona mafaili upya kwa sindano na uzi, chini ya usimamizi wa Sista Eliona. Fabian alikuja kunipa mkono. Akaniambia pole. Bila kucheka! Sijui anapanga nini.

Mchana nilikwenda hospitali na jani la isale nimelishika mkononi, kama tunavyofanya huku mtu akitaka kusamehewa. Manesi walidhani nimeleta dawa ya kienyeji, nusura wanitoe. Mama mkwe alilipokea. Anaona sasa. Alinitazama usoni, akaniita baba, kisha akasema polepole:

“Mlinigawa kama mbuzi wa ukoo. Huyu kapewa mguu, huyu kapewa jicho, huyu kapewa tumbo. Nikawa natembea pale kituoni nikijiuliza, na mimi mwenyewe kapewa nani?”

Flavia alikuwa amesimama dirishani, mgongo umenigeukia.

Mama mkwe akaliweka isale chini ya mto. Akasema amesamehe, ila soda nisilete tena.

Nimelia ndani ya gari la kurudi, kuanzia Moshi mpaka njia panda ya Himo. Abiria mwenzangu alinipa muwa.

Jumatano, 29 Juni

Flavia amerudi nyumbani. Amepika. Mama mkwe anatoka wiki ijayo na atakaa nasi, chumba cha mbele, na sindano zake. Ni mimi nitakayemsindikiza kliniki. Nimeapa kwamba nimebadilika. Nimeapa mbele ya Flavia, na mbele ya padri, na mbele ya Fabian kwa bahati mbaya, alikuwa anapita.

Ninashona. Karatasi moja moja, mgonjwa mmoja mmoja. Kazi hii inampa mtu nafasi ya kutafakari. Maneno ya Daktari Gladys yananizunguka kichwani. Vitu vinavyotoka mahali pamoja vikae pamoja. Ameniingia yule mama.

Ijumaa, 1 Julai

Leo usingizi umenikatika kwa mshtuko wa furaha. Nimeelewa! Sasa ndiyo nimeelewa kweli!

Kosa langu lilikuwa kutenganisha. Nilimtenganisha mtu mmoja akawa watano. Dawa yake ni kuunganisha, na kuunganisha kusiwe kwa nusu nusu. Ugonjwa wa sukari, wamesema hospitali, unakwenda kwa damu, unafuata ukoo. Sasa kama matatizo ya mtu mmoja yanakaa kwenye faili moja, kwa nini matatizo ya ukoo mmoja yasikae pamoja vile vile? Damu ni ile ile! Uzi unapungua, majalada yanapungua, na yeyote atakayelifungua atauona ukoo mzima kwa mara moja. Daktari Gladys mwenyewe hajafika huku.

Sista Eliona amekwenda kliniki ya watoto leo, kwa hiyo sikutaka kumsumbua kwa ruhusa. Nimeshona faili la kwanza. Ukoo wote wa Mzee Primus, babu, wake, wana, wakaza wana na wajukuu, jalada moja, nene kama biblia ya misheni. Ukurasa wa mbele nimeorodhesha matatizo yote kama inavyotakiwa. Majina nimeyaacha, yangejaza nafasi bure.

Saa nne Mzee Primus mwenyewe akaja na kile kikohozi chake. Nikamwamkia kwa heshima, nikafungua faili, nikafuata tatizo la kwanza kwenye orodha. Limenishtua, kusema kweli. Lakini mfumo ni mfumo. Nimemwandikia karatasi na kumpeleka kwenye foleni ya wajawazito. Mimba ya miezi saba. Amekaa pale sasa, kofia mapajani, kati ya akina mama, anasubiri kuitwa. Fabian amesimama mlangoni mwa ofisi yake, ameshika kichwa kwa mikono miwili.

Wivu ule ule.